Viti vya Bi Nambua Mshitu

Nchi yenyewe hatutaitaja jina. Si kwamba tunaogopa. Jina lake la zamani lilikwisha kufutwa, na jipya, ingawa limechaguliwa na kila mtu analijua, halijazinduliwa. Katika nchi ile kitu ambacho hakijazinduliwa huwa hakipo. Daraja huweza kukamilika, likasimama juu ya mto na rangi zake zote, na watu wakaendelea kuvuka majini wamebeba viatu mkononi, wakilitazama kwa heshima, mpaka mgeni rasmi apate nafasi ya kuja kukata utepe. Mwaka mmoja hata mvua za masika zilizinduliwa. Zilichelewa kidogo, maana mgeni rasmi alikuwa safarini nje, na wakulima waliothubutu kupanda kabla ya hotuba walipewa onyo kali.

Ndiko alikotajirikia Bi Nambua Mshitu.

Alianza akiwa mjane kijana, anakaanga mihogo kando ya barabara ya Kisimbo. Mali yake ilikuwa karai, mwavuli uliochanika, na viti vichache vya plastiki vya wateja. Asubuhi moja msafara wa magari meusi ukasimama mbele ya karai hilo. Waziri alikuwa amekuja kuzindua karavati la kupitisha maji chini ya barabara. Kila kitu kilikuwa tayari: utepe, mkasi, mto wa kulazia mkasi, na kwaya ya kuusifu mkasi. Kilichosahauliwa ni pa kukaa. Chini palikuwa tope tupu, na Waziri alikuwa mtu wa mwili.

Mkuu wa Itifaki, kijana aliyevaa glavu nyeupe, akaja mbio akirukaruka madimbwi.

"Mama, hivi viti vinachukuliwa na Serikali."

"Chukueni tu, baba," akasema Nambua, huku anageuza mihogo. "Ni vya kukodi."

Neno hilo yeye mwenyewe hakujua lilikotoka. Viti vile havikuwahi kukodishwa hata siku moja. Lakini Mkuu wa Itifaki hakushtuka. Kwa Serikali ile karibu kila kitu kilikuwa cha kukodi, hata kwaya, na wenye midomo mirefu walisema hata makofi. Akalipa, akavibeba viti. Wiki iliyofuata akarudi mwenyewe: kulikuwa na uzinduzi wa choo cha stendi.

Nambua akaacha mihogo. Akamchukua jirani yake Kirobo, aliyekuwa na mkokoteni, wakaanza kuzunguka na viti kila palipo na utepe. Mkokoteni ukawa pikapu, pikapu ikawa lori, na Kirobo akawa dereva mwenye kofia. Viti vikaongezewa meza za kukunja, mahema, mazulia mekundu na maua ya plastiki yanayofutwa vumbi kwa kitambaa chenye maji.

Tena Nambua alikuwa na jicho. Aliona mapema kwamba Waheshimiwa hawawezi kukalia viti vilivyo sawa. Siku moja Naibu Waziri alilia machozi kabisa kwa kuwa utepe wa kiti chake ulifanana na wa Mkuu wa Wilaya. Watu walicheka, Nambua hakucheka. Akaenda mjini akanunua tepe za rangi nyingine. Tangu hapo kiti cha Waziri kilivaa kitambaa cheupe na utepe wa dhahabu, cha Naibu kitambaa cheupe na utepe wa fedha, cha Mkuu wa Wilaya kitambaa bila utepe, na cha mwananchi plastiki tupu, kama ilivyo haki yake. Kwa ajili ya Mlezi Mkuu wa Nchi, mzee aliyetawala muda mrefu kiasi kwamba hakuna aliyekumbuka alizinduliwa na nani, alitengeneza kiti kimoja kikubwa cha mbao kilichopakwa rangi ya dhahabu, chenye mgongo mrefu kama mlango.

Alipokwisha kuwa tajiri akawa anaalikwa kuwazungumzia vijana juu ya siri ya mafanikio. Vijana walikaa na kalamu zao tayari.

"Siri," aliwaambia, "ni kwamba wakubwa wanachoka miguu."

Wakasubiri aendelee. Yeye alikuwa amemaliza.

*

Kilichombadilisha ni uzinduzi wa Mpango Kabambe wa Elimu, uliofanyika katika shule ya msingi ya Kisimbo. Siku hiyo Nambua alifika mapema kupanga viti uwanjani, na jua lilipomzidi akaenda kujikinga chini ya kibaraza cha madarasa. Akachungulia dirishani.

Darasa zima lilikuwa limelala kifudifudi. Watoto walikuwa wamepangwa sakafuni kama samaki wa kuanikwa, madaftari mbele ya pua, wanaandika. Waliomaliza mstari walijiinua kwa viwiko, wakajinyoosha mgongo, wakalala tena.

"Wanaumwa?" akauliza.

"Hapana, mama, ni somo la Kiswahili," akajibu mwalimu mkuu, Sikudhani, mwanamke mwembamba aliyetoka nje akipangusa chaki. "Tumbo moja kwa moja ndiyo mwandiko unatulia. Wakichuchumaa unapanda mlima. Shida ni msimu wa baridi, saruji inawaingia kifuani. Darasa zima linakohoa, hata imla haisikiki."

"Viti hamna?"

"Viti tumeahidiwa. Vitazinduliwa."

Sherehe ikafanyika. Wakubwa walikaa, wakasema, wakasimama, wakaondoka. Vijana wa Kirobo walipoanza kukusanya viti, watoto wakaja wakajipanga kimya kimya. Hawakuomba kitu. Kila kiti kilipokuwa kinasubiri kubebwa, mtoto mmoja alikikalia, akaweka mikono magotini, akatazama mbele kidogo kama abiria, akashuka, akampisha mwenzake. Kirobo alizima injini ya lori bila kuambiwa. Wakasubiri mpaka wote wakamaliza.

Walipofika ghalani, Nambua akakaa juu ya rundo la mazulia.

"Kirobo, nimechoka kukodisha. Nataka kuvitoa."

"Vitu gani?"

"Viti. Na meza. Tunaanza na Kisimbo, halafu shule nyingine, mpaka viishe."

Kirobo akavua kofia yake, akaitazama ndani. "Dada Nambua, na sisi tutakula nini?"

"Tumeshakula, Kirobo. Hebu jitazame tumbo."

Kirobo akajitazama, akaivaa tena kofia.

*

Mtu mwingine angepakia viti akaenda kuvishusha shuleni. Lakini Nambua alikuwa raia mwema, akaenda kwanza kuomba ruhusa kwenye Wizara ya Uzinduzi na Ufunguzi. Waziri wake aliitwa Mheshimiwa Lukombe, ndiye yule yule wa karavati, sasa amenenepa zaidi kwa kuitumikia nchi. Akampokea kwa mikono miwili.

"Mama Nambua! Umenitoa machozi. Viti kwa watoto wetu! Ila kuna jambo dogo la kisheria. Wewe huwezi kutoa msaada."

"Kwa nini, Mheshimiwa?"

"Hujazinduliwa kuwa mfadhili. Kwa sasa wewe ni mfanyabiashara tu, na mfanyabiashara akitoa kitu bure anachunguzwa."

Basi akazinduliwa. Sherehe ilifanyika uwanja mkubwa, viti vilikuwa vyake, na kwa kuwa vilishakuwa msaada, Serikali haikulipa. Nambua alivishwa utepe kifuani, Mheshimiwa Lukombe akaukata kwa uangalifu asimguse, na akatangazwa kuwa Mama wa Taifa, Daraja la Pili. Kisha Waziri akahutubia.

"Kiti ni nini?" akauliza, na wasaidizi wake wakatikisa vichwa kuonyesha kwamba swali ni gumu. "Wabeza maendeleo watasema kiti ni kiti. Hapana! Kiti ni maendeleo yenye miguu minne! Taifa lisilo na viti ni taifa lililosimama, na taifa lililosimama, ndugu zangu, haliendi mbele!"

Wakapiga makofi mpaka wakasahau alichosema, jambo ambalo lilisaidia.

Baada ya hapo vikazinduliwa viti vyenyewe. Ikazinduliwa Kamati ya Kusimamia Viti, halafu Kikosi Kazi cha Kuisimamia Kamati. Kila mkoa ukataka kuzindua viti mkoani kwake ili usionekane umeachwa nyuma, na lori la Kirobo likazunguka nchi nzima. Kokote lilikokwenda mambo yalikuwa yale yale. Viti vinashushwa, Waheshimiwa wanavikalia, na watoto wa shule wanakaa chini mbele yao wakiimba wimbo wa kushukuru kwa viti. Jioni viti vinapakiwa kwenda mkoa mwingine.

"Dada," akasema Kirobo siku moja akiwa anafunga kamba, "zamani Serikali ilikuwa inatukodi. Sasa sisi ndio tunaifadhili Serikali."

Nambua alijua. Alikuwa akitabasamu kwenye picha mpaka taya zinamuuma, na kila mara alijiambia kwamba mkoa unaofuata ndio wa mwisho. Alianza kuviona viti vyake vinapasuka miguu, hata kitoto kimoja hakijavikalia kwa dakika nzima.

Kisha akaja Mwalimu Sikudhani. Alisafiri kutoka Kisimbo, akakaribishwa sebuleni kwenye makochi, akakataa kukaa.

"Shikamoo, mama. Nimekuja na ujumbe wa wazazi. Tumeletewa wimbo wa kukushukuru tuwafundishe watoto. Tumewafundisha, wanaujua. Sasa baridi imeingia, na wanaukohoa badala ya kuuimba. Wazazi wanauliza kama unaweza kuchukua wimbo wako, utuache tulivyokuwa."

Aliyasema bila ukali, kama mtu anayerudisha sahani ya jirani. Nambua angependa kutukanwa kuliko vile. Alibaki amesimama katikati ya sebule, na utepe wa Daraja la Pili umening'inia ukutani nyuma yake.

"Nipe muda kidogo, Mwalimu," akasema.

"Muda tunao, mama. Ndicho kitu tulicholetewa kingi."

*

Sasa lazima tueleze habari ya Wimbo wa Taifa. Zamani ulikuwa mfupi na wa kupendeza. Lakini kila wizara iliona si haki kuachwa nje ya uzalendo, ikaongeza ubeti wake: ubeti wa Ujenzi, ubeti wa Uvuvi, ubeti wa Ushuru ambao huimbwa kwa huzuni, na kadhalika. Kwa kawaida ulipigwa ubeti wa kwanza tu, maana hata wazalendo wana shughuli. Na sheria ilisema kwamba mtu mzima yeyote atakayejitikisa, kugeuza shingo au kuondoa jicho kwenye bendera wakati wimbo unapigwa, atafungwa gerezani. Watoto hawakutajwa. Inasemekana mwanasheria aliyeiandika sheria hiyo alikuwa na mapacha nyumbani.

Nambua aliimba wimbo huo kila siku ya kazi bila kuufikiria. Sasa ikatokea, kwenye uzinduzi fulani huko mkoani, ubeti wa kwanza ulipoanza akapita mbuzi. Mbuzi akapanda jukwaani. Akala maua, na alipogundua kuwa ni ya plastiki akayatema, akahamia kwenye hotuba ya Mheshimiwa Lukombe. Waziri akaiona hotuba yake ikiondoka ukurasa kwa ukurasa, jasho likamtiririka, lakini hakutikisika. Walinzi wenye bunduki hawakutikisika. Mwishowe wakainuka watoto wa shule waliokuwa wamekaa chini, wakamshika mbuzi pembe, wakamtoa taratibu. Hakuna aliyewagusa.

Nambua, akiwa amekauka kama wengine, akaanza kufikiri.

Aliporudi mjini alimwomba Mheshimiwa Lukombe sherehe kuu ya kukabidhi viti, ifanyike Kisimbo, na mgeni rasmi awe Mlezi Mkuu mwenyewe. Waziri akafurahi mno. Kisha Nambua akaenda kwa Kapteni Ng'ondi, mkuu wa bendi ya tarumbeta.

"Kapteni, kwa heshima ya Mlezi Mkuu, ningependa siku hiyo wimbo upigwe wote."

"Wote?" Kapteni akakaa chini. "Mama, hakuna aliyewahi kuniomba wote. Ubeti wa Uvuvi una tarumbeta ya peke yake. Miaka yote hii nimekuwa nikiufanyia mazoezi chooni." Macho yalikuwa yamemlowa.

Mwisho akamwendea Sikudhani. Mwalimu alimsikiliza mpaka mwisho, mkono mdomoni.

"Mama Nambua, tutafungwa."

"Kwa kosa gani? Watoto wamepokea msaada waliopewa?"

"Mimi nimebakisha kidogo nistaafu."

"Najua. Ukikataa sitakulaumu."

Kutoka darasani kikohozi kikasikika, kikapokewa na kingine, na kingine. Sikudhani akaugeukia mlango.

"Huo wimbo una beti ngapi?"

"Hakuna anayejua."

"Basi ngoja niwafundishe kutembea pekupeku."

*

Siku ikafika. Mahema yalijaa, uwanja mzima ulikuwa viti na tepe. Watoto walikaa vumbini mbele, safi, kimya, miguu mitupu. Mlezi Mkuu akaingia taratibu akishikwa mikono, akafikishwa kwenye kiti chake cha dhahabu, na kabla hajakaa, Kapteni Ng'ondi akanyanyua fimbo yake.

Ubeti wa kwanza ukapigwa, na nchi ikakauka. Ubeti ukaisha. Waheshimiwa wakaanza kupinda magoti wakae. Ubeti wa pili ukaanza. Magoti yakanyooka.

Hapo ndipo watoto waliposimama.

Nambua alikuwa meza kuu, macho kwenye bendera. Kwa pembe ya jicho aliona safu za nyuma zikipungua. Watoto walikuja wawili wawili, wanashika kiti au meza ya kukunja huku na huku, wanainua, wanakwenda. Hakuna kilichogonga. Viti vya wananchi vikaisha kwenye ubeti wa Ujenzi. Katika ubeti wa Uvuvi, Kapteni akipuliza tarumbeta yake amefumba macho kwa raha, wakaanza kuvitoa vya Wakuu wa Wilaya. Mkuu wa Itifaki alikihisi kiti chake kikimwacha nyuma ya magoti. Macho yake yakabaki kwenye bendera. Vikaenda vyenye utepe wa fedha. Vikaenda vya dhahabu. Uso wa Mheshimiwa Lukombe ukabadilika rangi, lakini ulitazama mbele. Nambua naye akasikia mguu wa kiti ukimpapasa shavu la mguu, na pumzi ndogo za moto mgongoni, kisha nyuma yake pakawa upepo mtupu.

Kiti cha Mlezi Mkuu kilibebwa na wasichana wanne wa darasa la saba, nacho kilipita mlangoni mwa darasa kwa ubavu, wakati wa ubeti wa Ushuru.

Wimbo ukaisha. Kapteni Ng'ondi akajipangusa machozi. Na mshereheshaji, kwa mazoea, akatamka kwa sauti kubwa:

"Mnaweza kuketi!"

Serikali ikaketi.

Kishindo chake kilisikika mpaka sokoni. Mawaziri walianguka kwa cheo, wazito kwanza. Aliyepona ni Mlezi Mkuu peke yake, kwa sababu ya uzee: alikuwa akiketi polepole, na walinzi wakamdaka akiwa bado njiani. Wakamsimamisha. Akatazama chini.

"Lukombe, mbona umekaa vumbini?"

"Natafakari, Mheshimiwa," akasema Lukombe kutoka chini. "Hali ya mwanafunzi. Naitafakari kwa vitendo."

"Viti viko wapi?"

Nambua akasogea mbele.

"Vimekabidhiwa, Mheshimiwa. Kwa heshima ya wimbo wote."

Mzee akageuka kuyatazama madarasa. Madirishani kulionekana vichwa vimepangwa, mikono juu ya meza. Darasa la kwanza, katikati kabisa, kiti cha dhahabu kilikuwa kimekaliwa na kitoto cha kike ambacho miguu yake haikukaribia hata kufika chini.

"Yule aliyekalia kiti changu ni nani?"

"Anaitwa Tumsifu, Mheshimiwa," akajibu Mwalimu Sikudhani.

"Anasoma vizuri?"

"Ndiyo kwanza tunaanza kujua leo, Mheshimiwa."

Mlezi Mkuu akacheka, au akakohoa. Kwa umri wake ni vigumu kutofautisha. Mkuu wa Itifaki akaamua kuwa ni kicheko, na Serikali nzima, ikijikung'uta matako, ikacheka. Kisha mzee akahutubia. Kwa kawaida hotuba yake ilianza watu wameshiba na kwisha wamekonda. Siku hiyo, akiwa amesimama kwa miguu yake mwenyewe, alisema someni kwa bidii, akauliza gari liko wapi.

*

Mheshimiwa Lukombe hakusamehe. Aliunda tume ya kuchunguza wizi wa viti vya msaada, na Nambua akaitwa mbele yake, akafungasha sanduku lake kabisa, na Kirobo akamsindikiza akilia. Lakini tume ilipata tabu ya mashahidi. Kila aliyeitwa aliulizwa kama aliviona viti vikiondoka. Akisema aliviona, basi macho yake hayakuwa kwenye bendera, na jela iko wazi. Kwa hiyo Mkuu wa Itifaki hakuona kitu. Walinzi hawakuona kitu. Mwenyekiti wa tume, aliyekuwepo siku hiyo na bado akitembelea fimbo, hakuona kitu. Mwisho aliitwa Mheshimiwa Lukombe mwenyewe, akaapa kwamba muda wote alikuwa anatazama bendera, tena kwa mapenzi. Tume ikamaliza kazi kwa kuamua kwamba hakuna kilichotokea.

Nambua akarudi nyumbani na sanduku lake. Viti vilivyobaki ghalani alivigawa shule nyingine, na safari hii hakuna waziri aliyetaka kuja kuzindua, maana ingebidi asimame. Sherehe za nchi nzima zikawa za kusimama, zikawa fupi, zikawa chache, na inasemekana kuna madaraja watu walianza kuyavuka hivi hivi. Biashara yake ikafa. Kirobo akaanza kubeba mchanga kwa lile lori, akilalamika kila siku kwamba mchanga hauna heshima.

Mwezi mmoja baadaye Nambua alikwenda Kisimbo kuwaona watoto. Sikudhani alimpokea mlangoni kwa aibu.

"Karibu, mama. Hata pa kukukalisha hatuna, watoto wamejaa vyote."

"Endelea na somo, Mwalimu."

Akasimama nyuma ya darasa, ameegemea ukuta. Walikuwa wanaandika imla. Hakuna aliyekohoa, na penseli zilisikika juu ya meza za kukunja kama mvua ndogo juu ya bati. Tumsifu alikuwa amezama ndani ya kiti cha dhahabu, ulimi nje, anaandika kwa taabu kubwa. Miguu ikaanza kumuuma Nambua, akabaki amesimama.

Kengele ya mapumziko ikalia. Hakuna mtoto aliyeinuka. Nje uwanja ulikuwa mtupu, na madarasa yote yalikuwa kimya.

"Mbona hawatoki kucheza?" akanong'ona.

"Hawatoki, mama. Tangu siku ile," akasema Mwalimu Sikudhani, akifuta ubao. "Nimebembeleza, nimefoka. Wanasema waliwaona Waheshimiwa kwa macho yao: ukisimama tu, kiti kimekwenda."